Mfumo endeshi ukizeeka, ruhusa inabaki kwa nani?

Mtumiaji anaandika jina na nywila kama alivyozoea, na kompyuta inamjibu kwamba matumizi ya mfumo huu hayajaidhinishwa kwenye mashine hii. Mstari wa pili unasema hakuna leseni iliyo hai. Wa tatu unamtaka amwone msimamizi wa mfumo. Hakuna kilichoharibika: diski ni nzima, mafaili yapo, kila programu iko mahali pake. Tarehe tu ndiyo imepita. Leseni ya OpenVMS, mfumo endeshi (programu mama inayoiendesha kompyuta) ninaouzungumzia hapa, ni maandishi mafupi yanayosajiliwa ndani ya kompyuta: jina la aliyeitoa, namba ya idhini, jina la bidhaa, kiwango cha matumizi, tarehe ya mwisho, na chini kabisa herufi chache za kuhakiki kwamba hakuna mkono uliogusa yaliyo juu. Ukibadilisha tarehe peke yake, herufi zile zinakataa. Leseni ikifa, mlango unafungwa kwa wote isipokuwa aliyeketi kwenye konsoli kuu, ambaye huachiwa nafasi ya kuingia ili aweke leseni nyingine.

Leseni hiyo nyingine ataipata kwa nani? Kwa miaka mingi wapenzi wa OpenVMS hawakuwa na sababu ya kujiuliza. Tangu 1997 kulikuwa na mpango wa kuwapa leseni za bure watu waliotaka kujifunza au kuendesha mashine zao za nyumbani, za muda maalumu, na muda ukikaribia kwisha mtu aliomba upya. Mwaka 2020 kampuni ya HPE, iliyourithi mfumo huo, ilitangaza kuufunga mpango, na leseni zile zikafikia kikomo mwishoni mwa 2021. VMS Software, kampuni ya Marekani iliyopewa tangu 2014 haki ya kuuendeleza mfumo, ilianzisha mpango wake yenyewe. Lakini haki ilizopewa hazikugusa VAX, kompyuta ambazo mfumo huu ulizaliwa kwa ajili yake mwaka 1977. Mwenye VAX nzima, aliyoifuta vumbi na kuibadilishia vipuri kwa miaka, akajikuta hana pa kupiga hodi.

Njia ya kichochoro anaijua kila mtu: kuirudisha nyuma saa ya kompyuta, leseni iliyokufa ikafufuka. Kisheria huko ni kutumia programu bila ruhusa, na neno linalotumika ni lilelile, uharamia. Lakini ukitaka kumwambia mtu huyo akanunue leseni halali, lazima kwanza umwonyeshe dirisha la kununulia.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu mjadala wa uharamia wa programu umezoeleka kuwa na watu wawili tu, mwenye mali na mwizi. Kwa mfumo endeshi wa zamani watu hao wawili hawatoshi. Unahitaji kumjua pia anayeutunza, na mara nyingi yeye siye mwenye mali wala hana ruhusa ya kufanya kila anachokiona kinafaa.

Mambo matatu huchanganywa hapa. Nakala ni kile kilichomo kwenye diski. Leseni ni ruhusa ya kuitumia nakala hiyo kwa masharti fulani. Matunzo ni kazi ya kuziba mianya, kuandika madereva ya vifaa vipya na kumjibu mteja aliyekwama. Mtu aliyesema "nimenunua mfumo" kwa kawaida amepata nakala na leseni, na matunzo kwa muda uliopangwa. Muda huo ukiisha, leseni haifi. Inaendelea kumfunga kwa masharti yaleyale wakati aliyeyaweka hafanyi tena kazi yoyote. Kitabu kilichochapwa mwaka 1985 kinasomeka leo bila msaada wa mchapishaji. Mfumo endeshi wa mwaka huo hausimami peke yake namna hiyo, maana chini yake vifaa vinabadilika na nje yake wapo wanaotafuta tundu la kupenyea.

Ugomvi wenyewe ni mkongwe kuliko mifumo mingi tunayoitumia. Mwaka 1975 Bill Gates na Paul Allen waliandika toleo la BASIC, lugha ya kuandikia programu, kwa ajili ya Altair 8800, kompyuta iliyouzwa kwa watu wa kawaida waliopenda kuunda vitu. Kwenye maonyesho yaliyofanyika Palo Alto mwezi Juni mwaka huo, mkanda wa karatasi wenye programu hiyo ulichukuliwa, ukanakiliwa, na nakala zikagawiwa kwa wanachama wa klabu ya wapenda kompyuta. Februari 1976 Gates aliwaandikia barua ya wazi akilalamika kwamba wenye Altair walioilipia BASIC hawakufika asilimia 10. Watu huikumbuka barua hiyo kwa maneno yake makali ya wizi. Mimi naona uzito wake uko kwenye swali aliloliuliza: nani ataweka miaka ya kazi katika kuandika programu, kusaka makosa yake na kuiandikia maelezo, kisha aigawe bure?

Hoja hiyo ina nguvu, na sioni sababu ya kuipuuza. Ila itazame vizuri: inasimama juu ya kazi. Lipa, ili yule anayesaka makosa aendelee kuyasaka. Siku kazi hiyo inapokoma, mguu mmoja wa hoja umekatika, lakini sheria haichechemei hata kidogo. Kwa sheria ya Marekani, kazi iliyoandikwa na wafanyakazi wa kampuni hulindwa kwa miaka 95 tangu ichapishwe. MS-DOS ya kwanza, mfumo endeshi wa Microsoft uliotangulia Windows, ilitoka mwaka 1981. Kama Microsoft isingeamua yenyewe kuachia msimbo (maandishi yenyewe ya programu) wa matoleo yake ya mwanzo, kuanzia mwaka 2014 kupitia jumba la makumbusho ya kompyuta na baadaye kwa leseni huria inayomruhusu yeyote kuutumia, kufungwa kwake kungekwenda hadi mwisho wa 2076. Hakuna prosesa wala diski itakayokuwa ikingoja tarehe hiyo.

Kisa cha XP

Windows XP ilipotoka Oktoba 2001 ilikuja na jambo ambalo wanunuzi wa kawaida wa Windows hawakuwa wamelizoea, kuamilisha. Kompyuta ilijipima vifaa vyake, ikatengeneza namba, na mtumiaji akawa na siku 30 za kuipeleka namba hiyo kwa Microsoft kwa intaneti au kwa simu. Makampuni makubwa yalipewa ufunguo wa pamoja usiohitaji hatua hiyo, kwa kuwa mtu mwenye kompyuta elfu moja asingekaa kwenye simu mara elfu moja. Kabla hata XP haijaanza kuuzwa, ufunguo mmoja wa aina hiyo ulivuja. Ukazunguka dunia, umeandikwa kwa kalamu ya wino mzito juu ya CD zilizochomwa nyumbani. Mwaka 2002 Microsoft iliufungia katika furushi lake la kwanza la maboresho.

Baadaye ikakutana na swali gumu zaidi. Kompyuta yenye nakala haramu ikikosa viraka vya usalama huambukizwa, na ikishaambukizwa hutuma barua taka na kushambulia kompyuta za watu waliolipa. Kwa hiyo mwaka 2005, ilipoanza kudai uthibitisho wa uhalali kabla ya kupakua mambo mengine, viraka vya usalama iliendelea kuvitoa kwa njia ya masasisho ya moja kwa moja hata kwa nakala zisizothibitishwa. Naamini huo ulikuwa uamuzi wa busara, na unaonyesha kwamba mwenye mali mwenyewe alijua leseni na matunzo ni vitu viwili. Bahati mbaya wengi wenye nakala za kuchakachua walizima masasisho hayo kwa hofu ya kugunduliwa. Hasara kubwa ya mtumiaji wa nakala haramu iko hapo: kwa kujificha kwa mwenye mali, anajificha pia kwa fundi.

Kisha ikafika tarehe 8 Aprili 2014, siku matunzo ya XP yalipokoma. Aliyelipa na asiyelipa wakawa sawa. Leseni ya yule aliyelipa ilikuwa hai kabisa, na haikumpa kiraka hata kimoja. Waliotaka viraka walinunua mkataba mwingine juu yake. Serikali ya Uingereza ililipa pauni milioni 5.5 kwa mwaka mmoja wa matunzo ya XP na programu nyingine chache za umri wake. Jeshi la majini la Marekani lilisaini mkataba wa dola milioni 9.1 mwaka 2015. Hawa si watu wavivu wa kuhama. Melini na mahospitalini kuna mitambo ya mamilioni ambayo kompyuta yake ni kipande kimoja kati ya vingi: mashine ya maabara inakuja na XP ndani, programu ya kuiendesha imeandikwa kwa XP peke yake, na kubadilisha mfumo endeshi maana yake ni kununua mashine nyingine nzima na kuipima upya kuanzia mwanzo. Kwa hesabu hiyo, hata mkataba ghali wa matunzo unaonekana nafuu.

Mei 12, 2017 kirusi cha WannaCry kilipolipuka, lawama nyingi zilielekezwa kwa XP na kwa nakala haramu. Ukweli ulikuwa mgumu zaidi. Idadi kubwa mno ya kompyuta zilizoambukizwa zilikuwa na Windows 7, mfumo uliokuwa bado unatunzwa, na kiraka cha mwanya ule kilikuwa kimetolewa Machi 14, karibu miezi miwili kabla. Uingereza, takriban taasisi 80 kati ya 236 za huduma ya afya ya umma ziliathirika, na ripoti ya wakaguzi wa serikali ilionyesha kwamba nyingi zilikuwa na Windows 7 isiyowekewa viraka. Tatizo lao lilikuwa matunzo. Leseni walikuwa nazo.

Siku iliyofuata Microsoft ilitoa bure kiraka cha XP, miaka mitatu baada ya kuifunga. Wengi walishukuru, na ilistahili shukrani. Lakini waliochungulia ndani ya faili waliona sahihi yake ya kidijitali ilikuwa ya Februari mwaka huohuo. Kiraka kilikwishatengenezwa kwa ajili ya waliokuwa na mikataba maalumu, na wengine wote hawakukipata mpaka moto ulipowaka. Silalamiki kwamba kampuni iliuza kazi yake. Ninachotaka msomaji akione ni kwamba kwa mfumo uliozeeka matunzo yanaweza kuwepo, yakiwa tayari kwenye rafu, na mwenye leseni halali asiyapate.

Mirathi

Microsoft angalau ipo, na anayetaka kuiuliza jambo anajua aandike wapi. Mifumo mingine ilipitia mikono mingi kiasi kwamba kumtafuta mwenye ruhusa kumekuwa kama kugawa shamba la babu aliyekufa bila wosia.

Commodore, watengenezaji wa kompyuta za nyumbani za Amiga, walitangaza kufilisika Aprili 1994. Mali yao ikaenda kwa Escom ya Ujerumani mwaka 1995, Escom nayo ikafilisika mwaka uliofuata, Gateway ikanunua mwaka 1997, kisha jina na haki kadhaa zikaenda kwa kampuni mpya iliyoitwa Amiga. Kampuni hiyo iliingia mkataba mwaka 2001 na Hyperion ili itengeneze AmigaOS 4. Ilipofika 2007 walikuwa mahakamani, wakapatana 2009, na hata baada ya hapo kesi mpya zikazuka kuhusu nani ana haki juu ya toleo lipi. Mwishoni mwa 2015 msimbo wa AmigaOS 3.1 ulivuja kwenye intaneti. Pamoja na vurugu zote hizo, toleo la 3.1.4 lilitoka 2018 na la 3.2 likatoka 2021, kwa kompyuta ambazo nyingi zina chipu za miaka ya themanini na tisini. Kazi hiyo ya kupendeza imefanywa na watu wachache, na kila nakala haramu ya matoleo haya mapya inawapunguzia wao hasa. Kunakili toleo la 1992 ambalo aliyeliandika hapati kitu, na kunakili toleo la 2021 ambalo fundi wake bado anasubiri malipo, sheria inayaita kwa jina moja. Mimi siwezi kuyaweka kwenye kapu moja.

OS/2 ina kisa kingine. IBM na Microsoft waliianza pamoja, toleo la kwanza likatoka Desemba 1987, kisha wakatengana na IBM ikaendelea peke yake. Mfumo ulitulia kwenye mashine za benki za kutolea fedha na kwenye mfumo wa tiketi wa treni za chini ya ardhi za New York. Matunzo ya kawaida yalikoma mwishoni mwa 2006. Watumiaji walimwandikia IBM wakiomba auachie msimbo, na mwaka 2008 akajibu kwamba sababu za kibiashara, kiufundi na kisheria zinamzuia. Ya kisheria haihitaji kubahatisha sana: nyumba iliyojengwa na watu wawili haiuzwi na mmoja wao.

Leo mfumo huo unauzwa na Arca Noae kwa jina la ArcaOS, toleo la kwanza likiwa la 2017. Arca Noae imepewa leseni na IBM. Kwa kuwa chini ya mikono yao kuna msingi ulioandikwa na wengine miongo iliyopita, sehemu kubwa ya kazi yao ni kuuzungushia mambo mapya: madereva ya USB, ya kadi za mtandao, na mwaka 2023 uwezo wa kuwaka kwenye kompyuta za kisasa zinazotumia UEFI, njia mpya ya kuiwasha kompyuta. Diski anayopakua mnunuzi huandaliwa kwa jina lake mwenyewe. Hicho ndicho kinga chao kikuu dhidi ya uharamia, na nakipenda. Hakimfungii mlango mtu ambaye seva ya kuamilisha imezimwa. Kinamkumbusha tu kwamba akiigawa ovyo, jina linalozunguka ni lake.

Linganisha na njia ya OpenVMS niliyoanza nayo. Leseni yenye tarehe ya kufa inamlinda mwenye mali vizuri sana maadamu yupo. Akiondoka, inageuka bomu aliloliacha ndani ya nyumba ya mpangaji. VMS Software imefanya kazi nzito ya kuuhamishia mfumo huu kwenye prosesa za x86, toleo la 9.2 likatoka Julai 2022, na mfumo ulioandikwa kwa VAX sasa unawaka ndani ya mashine pepe, yaani kompyuta ya kuigizwa kwa programu, kwenye kompyuta ya kawaida. Lakini Machi 2024 kampuni ilibana mpango wake wa leseni za bure: wapenzi wenye mashine za Alpha na Integrity, zilizoifuata VAX, wakaambiwa leseni zao hazitahuishwa, na badala yake wakapewa diski pepe ya x86 iliyokwishaandaliwa. Nawaelewa pande zote mbili. Kampuni ndogo haiwezi kumhudumia bure kila mwombaji, na wanaolipia mfumo huo ndio wanaowalipa mishahara waandishi wake. Lakini wale wanaojifunza OpenVMS leo kwa mapenzi ndio mafundi wa kesho wa mashine hizohizo zinazolipiwa, na kizazi cha kwanza cha mafundi hao kinastaafu.

Pale "hapana" ilipozaa makubwa

Katikati ya miaka ya sabini John Lions, mhadhiri wa chuo kikuu cha New South Wales, aliuchapa msimbo wa Unix toleo la sita pamoja na maelezo yake, ili wanafunzi wajifunze mfumo endeshi halisi mstari kwa mstari. Unix ilikuwa mali ya AT&T, kampuni ya simu ya Marekani. Toleo la saba lilipokuja mwaka 1979, leseni yake ilikataza kufundisha darasani kwa msimbo huo. Maelezo ya Lions yakaingia mafichoni: nakala ya fotokopi, kisha fotokopi ya fotokopi, herufi zikififia kila kizazi, yakipita mkono kwa mkono kwa karibu miaka 20. Watu waliokuja kuandika mifumo ya dunia nzima walisoma kwenye karatasi hizo. Zilichapishwa kihalali mwaka 1996, na Lions akafariki mwaka 1998.

Katazo hilohilo la kufundishia lilimsukuma Andrew Tanenbaum, mwalimu wa chuo kikuu Amsterdam, kuandika mfumo wake mdogo, MINIX, uliotoka mwaka 1987, ili awe na kitu cha kuwaonyesha wanafunzi. Miaka minne baadaye mwanafunzi mmoja wa Helsinki, Linus Torvalds, akitumia MINIX kwenye kompyuta yake, alianza kuandika Linux. Sheria iliheshimiwa kila hatua, na mwenye Unix hakupata chochote.

Unix ya kale yenyewe ilipata ruhusa kwa kuombwa. Wapenzi wake walikusanya majina na kumwandikia mmiliki wa wakati huo, SCO, ambaye mwaka 1998 alikubali kuuza leseni ya matoleo ya zamani kwa dola 100. Januari 2002 Caldera, aliyekuwa amezinunua haki hizo, aliyaachia kwa leseni huria. Baada ya hapo mtu angeweza kuiwasha Unix ya miaka ya sabini ndani ya kompyuta yake bila kumwogopa yeyote.

Kuna anayedhani msimbo ukivuja kazi ya ukombozi imekwisha. Kwa watunzaji mambo huwa kinyume. ReactOS ni mradi wa watu wanaoandika upya, kwa mikono yao, mfumo unaoweza kuendesha programu za Windows. Njia yao ya kisheria ni moja: kutazama kinachofanywa na Windows kwa nje, kisha kuandika chao bila kuuona msimbo wa mwenyewe. Msimbo wa Windows 2000 ulikuwa umevuja mwaka 2004. Januari 2006 ilipodaiwa kwamba ndani ya ReactOS kuna vipande vilivyotokana na kuichambua Windows yenyewe, mradi ulisimamishwa na msimbo wote ukaanza kukaguliwa upya. Mwaka 2020 msimbo wa XP nao ulivuja, na wapo waliofurahi. Kwa ReactOS na Wine, mradi mwingine wa kuendesha programu za Windows bila Windows, kila aliyeufungua ni mtu ambaye hawawezi tena kupokea kazi yake. Mvujo unamfurahisha mdadisi kwa wiki moja na kumwachia mtunzaji mashaka ya miaka.

Vipi kuhusu mitumba, yaani kununua kutoka kwa mwenzako nakala halali asiyoitaka tena? Hapa jibu linategemea uko upande gani wa bahari. Julai 2012 mahakama ya juu ya Umoja wa Ulaya, katika kesi ya UsedSoft na Oracle, iliamua kwamba aliyenunua leseni isiyo na kikomo cha muda anaweza kuiuza, hata kama programu aliipakua, mradi aifanye nakala yake isitumike tena. Miaka miwili kabla, mahakama ya rufaa ya Marekani, katika kesi ya mtu aliyeuza diski halisi za AutoCAD, programu ya michoro ya kihandisi, kwenye soko la mtandaoni la eBay, ilisema kinyume: masharti yakisema umepewa leseni na kuweka mipaka mikubwa, hukuuziwa kitu, basi huna cha kuuza. Diski ileile, ndani ya boksi lilelile, ni bidhaa halali Ulaya na ni kosa California. Anayenunua mfumo wa zamani kwa mtu wa mbali asome kwanza masharti yaliyokuja na boksi.

Namalizia na CP/M ya Gary Kildall, mfumo uliotawala kompyuta ndogo kabla ya MS-DOS. Digital Research, kampuni yake, ilinunuliwa na Novell mwaka 1991, mali hiyo ikaenda Caldera mwaka 1996, kisha ikaendelea kugawanyika. Mwaka 2001 Bryan Sparks, aliyekuwa na mamlaka juu yake, aliruhusu CP/M isambazwe kupitia tovuti moja ya wapenzi wake, akaitaja kwa jina. Kila mtu mwingine akabaki anajiuliza: ruhusa ile ni ya tovuti hiyo peke yake au ni yetu sote? Waliotengeneza emuleta, yaani programu za kuiga kompyuta za zamani, walioandika upya programu za CP/M, waliounda kompyuta mpya kwa prosesa ya Z80, wote waliishi na alama hiyo ya kuuliza kwa miaka 21. Wengine waliitumia kimyakimya na wengine waliacha.

Julai 2022 kuna aliyemwandikia Sparks na kumuuliza moja kwa moja. Naye akajibu kwa maandishi mafupi kwamba mtu yeyote anaweza kuitumia CP/M na matoleo yaliyotokana nayo, kuisambaza, kuibadilisha na kuiboresha.